Gogo huelea, msumari huzama: tumweleze mtoto nini?

Fungua daftari la sayansi la mtoto wa shule ya msingi na huenda ukakuta jedwali lenye safu mbili. Upande mmoja vimeorodheshwa vitu vinavyoelea: jani, ubao, mpira, karatasi. Upande wa pili vitu vinavyozama: jiwe, msumari, sarafu, ufunguo. Kila mstari umepigwa vema na mwalimu. Sasa muulize mwenye daftari kwa nini jani limeelea na jiwe limezama. Atakujibu bila kusita kwamba jani ni jepesi na jiwe ni zito. Jibu hilo ndilo linalonifanya niandike, kwa sababu si la mtoto peke yake. Wazazi hulitoa, walimu hulipokea, na watu wazima wengi wanazeeka nalo bila mtu wa kuwasumbua.

Jibu hilo si kweli. Gogo la mwembe linalobebwa na wanaume wanne likiingizwa majini huelea, na msumari ambao mtoto anaushika kwa vidole viwili huzama. Meli yenye maelfu ya tani hutia nanga Mombasa ikiwa imeelea, na punje moja ya mchanga chini yake imelala sakafuni mwa bahari. Mtoto aliyefundishwa habari ya wepesi na uzito akiyaona haya anabaki njia panda: aamini kanuni ya darasani au aamini macho yake? Wengi huona kanuni ni ya mtihani na macho ni ya maisha, wakaviweka mbali viwili hivyo. Hasara ya kufundisha sayansi vibaya inaanzia hapo. Jedwali lile halina kosa katika kilichoandikwa. Kosa liko katika kilichoachwa. Aliyechagua mifano alichagua ile tu isiyobishana na wazo la uzito.

Jean Piaget na Bärbel Inhelder, watafiti wa Geneva waliochunguza jinsi watoto wanavyofikiri, waliwapa watoto vitu mbalimbali wavigawe kati ya vya kuelea na vya kuzama, kisha wakawauliza sababu. Katika kitabu chao cha 1955 wameeleza safari ndefu. Watoto wadogo walitoa sababu tofauti kwa kila kitu, hata zikapingana: hiki kimeelea kwa kuwa ni kidogo, kile kimeelea kwa kuwa ni kikubwa. Waliokua kidogo walishika uzito, kisha wakaanza kuona kwamba uzito pekee hautoshi. Kuulinganisha uzito na ukubwa kwa wakati mmoja, na kulinganisha kitu na maji yenyewe, kulikuja baadaye, karibu na umri wa kumaliza shule ya msingi. Ninachokichukua kwao ni hiki: mtoto hajibu ovyo. Ana wazo, na wazo hilo halitoki kwa kuambiwa jibu jipya. Hutoka pale anapotabiri jambo kwa ujasiri, kisha maji yakamkatalia.

Wasomi nao wamepita njia hiyo hiyo. Mnamo 1611 huko Florence, Italia, mwanasayansi Galileo aliingia katika mabishano makali kuhusu barafu. Wapinzani wake, waliofuata mafundisho ya Aristotle, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, walisema barafu huelea kwa sababu ya umbo lake bapa. Yeye akasema huelea kwa sababu ni nyepesi kuliko maji. Mmoja wa wapinzani hao, Lodovico delle Colombe, akaleta ushahidi uliowatikisa watu: tufe la mti wa abunusi, mweusi na mzito kama mpingo wetu, likazama, ubapa mwembamba wa mti uleule ukabaki juu ya maji. Galileo alijibu kwamba ubapa huo ukilowa vizuri pande zote huzama kama tufe, na mwaka uliofuata akachapisha kitabu kizima juu ya jambo hilo. Leo tunajua kilichoushikilia ule ubapa ni mvutano wa uso wa maji, nguvu ileile inayombeba mdudu anayetembea juu ya dimbwi. Mzazi anayejaribu haya nyumbani anufaike na mabishano yale. Sindano na wembe vikilazwa taratibu vinaweza kubaki juu, vikamchanganya mtoto kabla hajashika jambo la msingi. Kwa hiyo tumia kanuni moja: kila kitu kisicho wazi kama bakuli kizamishe chote kwa kidole, kisha kiachie. Kikirudi juu chenyewe, kinaelea kweli.

Kuna jibu la pili linalotolewa na watu waliosoma kidogo zaidi, nalo linaniudhi kuliko la kwanza kwa sababu linasikika kama la kitaalamu: "Kinaelea kwa sababu kina hewa ndani." Mimina mafuta ya kula juu ya maji kwenye glasi. Yamekaa juu, na hayana hewa. Dondosha kipande cha mshumaa. Kimeelea, na hakina hewa. Samaki wengi wana kifuko cha hewa kinachowasaidia kukaa kwenye kina wanachotaka, lakini papa hana kifuko hicho. Ana ini kubwa lililojaa mafuta yaliyo mepesi kuliko maji, nayo humpunguzia mwelekeo wa kuzama. Ndiyo mafuta yale yale ambayo watu wa pwani waliyaita sifa na kuyapaka kwenye mbao za vyombo vyao. Hewa husaidia, lakini kwa sababu moja tu: inaongeza ukubwa wa kitu bila kuongeza uzito wa maana. Mtoto akiambiwa "hewa" akaishia hapo, amepewa jina la kitu badala ya sababu.

Basi tuanzie wapi? Maoni yangu ni kwamba tumekuwa tukianza upande usiofaa. Tunaanza na kitu: uzito wake, umbo lake, kimetengenezwa na nini. Maji tunayaacha kama sakafu isiyofanya kazi yoyote. Tuanze na maji, kwamba maji yanasukuma.

Watoto wetu wengi wamekwishayajua haya kwa mikono yao bila mtu kuwauliza. Anayeteka maji kisimani kwa kamba anajua kwamba ndoo iliyojaa, ikiwa bado imezama, huvutika kwa urahisi sana. Ikianza kuchomoza ndipo mikono inapolemewa. Ndoo ni ileile na maji ni yaleyale. Nani alikuwa anasaidia kuibeba ilipokuwa chini? Muulize mtoto swali hilo na umpe muda. Watoto wa mjini wasiojua kisima watumie chupa tupu ya maji ya nusu lita, iliyofungwa vizuri. Aisukume ndani ya ndoo ya maji mpaka izame yote, aishikilie hapo, ahisi inavyompinga, kisha aiachie. Ile nguvu anayoihisi kiganjani, karibu sawa na uzito wa nusu kilo, ndiyo msukumo wa maji. Baada ya hapo funga jiwe kwenye mpira mwembamba wa kufungia noti, lining'inie, mtazame mpira ulivyovutika. Lishushe jiwe majini taratibu: mpira unafupika. Hili ndilo jaribio ninalolipenda kuliko yote, kwa sababu linaonyesha jambo ambalo jedwali la safu mbili haliwezi kulionyesha kamwe. Hata jiwe linalozama linasukumwa juu. Linazama kwa sababu msukumo haukutosha.

Mtoto mkubwa kidogo atauliza msukumo huo unatoka wapi, na anastahili jibu. Toboa chupa matundu matatu, moja juu ya jingine, uijaze maji. Tundu la chini ndilo linalorusha maji kwa nguvu zaidi, maana mgandamizo wa maji huongezeka kadiri unavyokwenda chini. Kitu kilicho majini hugandamizwa pande zote, lakini upande wake wa chini uko kwenye kina kikubwa kuliko upande wake wa juu, kwa hiyo unasukumwa zaidi. Tofauti ya misukumo hiyo miwili inaelekea juu. Hapa pia ndipo pa kumwondolea dhana kwamba maji mengi hubeba vizuri kuliko maji machache. Mtumbwi hauhitaji ziwa zima. Unahitaji maji ya kuuzunguka na kina cha kutosha usiguse chini.

Kisha swali la kiasi: msukumo huo ni mkubwa kiasi gani? Archimedes wa Syracuse, mwanahisabati Mgiriki, alilijibu katika karne ya tatu kabla ya Kristo, na jibu lake halijabadilika. Maji humsukuma kila aingiaye kwa nguvu iliyo sawa na uzito wa maji aliyoyahamisha. Hadithi kwamba aligundua hilo akiwa anaoga, akakimbia barabarani kwa furaha, inapendeza watoto, ingawa aliyeiandika, Mrumi Vitruvius, aliishi kama karne mbili baadaye. Isimuliwe, lakini isichukue nafasi ya jambo lenyewe.

Njia nzuri ya kulileta jambo hili kwa mtoto ninaiona katika lita. Kila mtoto anaijua chupa ya lita moja, na kila mtoto aliyetumwa dukani anaijua kilo. Mwambie mambo mawili: lita moja ya maji ina uzito wa kilo moja, na kila kitu kikizamishwa kinachukua nafasi ya maji ya ukubwa wake. Sasa kila kitu kimepata mshindani wake, nayo ni maji ya ukubwa uleule. Kipande cha chuma chenye ukubwa wa lita moja kina karibu kilo nane. Kinashindana na kilo moja ya maji, kinazama. Mafuta ya kula lita moja yana takriban kilo 0.92, yanakaa juu. Barafu iko karibu hapo hapo, kilo 0.917, ndiyo maana huelea ikiwa imezama karibu sehemu tisa kati ya kumi. Mninga uliokauka una kama kilo 0.6. Mpingo una karibu kilo 1.2, na huzama. Mtoto aliyeandika "ubao huelea" katika jedwali lake apewe kipande cha mpingo kutoka kwa mchonga vinyago, akitumbukize mwenyewe.

Na lipo jiwe linaloelea, lile jepesi lenye vitundu vingi lililotokana na povu la volkano. Krakatoa, volkano ya Indonesia, ilipolipuka Agosti 1883, mawe ya aina hiyo yalisafiri juu ya Bahari ya Hindi, na mwaka uliofuata mengine yakatua kwenye fukwe za Afrika Mashariki. Bahari nzima imevukwa na mawe! Ni habari ya kumfanya mtoto wa Bagamoyo au Malindi aache kuandika na kukutazama.

Wakati mshindani amekwisha kueleweka, leta chungwa. Muulize: lenye ganda litaelea au litazama? Litaelea. Limenye sasa, na usilimenye kama muuza machungwa wa mtaani anayeacha utando mweupe. Ondoa ganda lote pamoja na ule weupe, kwa sababu ndimo vitundu vya hewa vilimo. Chungwa limekuwa jepesi zaidi. Muulize tena, mwache aseme kwa sauti, ndipo alitumbukize. Mara nyingi litazama. Kitu kimepunguzwa uzito, kikazama! Jaribio hili moja linaivunja kanuni ya wepesi na uzito kuliko maelezo ya saa nzima. Anayetaka kulieleza atalazimika kusema kwamba ganda lilikuwa linachukua nafasi kubwa ya maji kwa uzito mdogo, na akishasema hivyo kwa maneno yake mwenyewe, ameelewa.

Kizibo cha soda nacho kinafunza upande wa pili. Kilaze majini kikiwa kimetazama juu: kinaelea. Kisha kipondeponde kwa jiwe kiwe bapa, kama watoto wanavyofanya wakitengeneza kidude cha kuzungusha kwa uzi, ukizamishe na kukiachia. Kinabaki chini. Hakuna hata chembe ya bati iliyoongezwa wala kupunguzwa. Kilichopotea ni ile nafasi ya ndani iliyokuwa inayazuia maji yasiingie. Meli ya chuma ni hivyo hivyo. Ikipakiwa mpaka uzito wake wote ukawa tani 1,000, itashuka majini mpaka ihamishe tani 1,000 za maji, ikome hapo. Ikiwa kuta zake hazina kimo cha kutosha kuhamisha maji yote hayo kabla hayajafika ukingoni, itazama.

Chora mstari kwa kalamu ubavuni mwa bakuli la plastiki linaloelea, pale maji yanapofika, kisha ongeza kokoto mojamoja. Kila kokoto inalishusha bakuli kidogo. Ukibadilisha maji ukaweka ya chumvi nyingi, bakuli lenye kokoto zilezile linapanda, maana lita ya maji ya chumvi ni nzito kuliko ya maji matamu. Yai bichi linalozama kwenye maji ya bomba huelea ukikoroga chumvi ya kutosha. Maji ya Bahari ya Hindi yana karibu kilo 1.025 kwa lita. Ya Bahari ya Chumvi, kati ya Israeli na Yordani, yanafika karibu kilo 1.24, na waogaji huko huelea bila jitihada. Meli kubwa zinazoingia Dar es Salaam zina alama ubavuni: duara lililokatwa na mstari, na pembeni yake ngazi ya mistari yenye herufi, kila mmoja kwa aina yake ya maji na majira. Alama hiyo ilianza kulazimishwa na sheria ya Uingereza ya 1876, baada ya mbunge Samuel Plimsoll kuwapigania mabaharia waliokuwa wakipelekwa baharini katika vyombo vilivyojazwa kupita kiasi.

Hapo ndipo somo hili linapoacha kuwa mchezo wa beseni. Watoto wetu wanavuka maji. Wanavuka Likoni, Kigamboni, Unguja kwenda Pemba, Bugolora kwenda kisiwa cha Ukara katika Ziwa Victoria. Tarehe 21 Mei 1996 MV Bukoba, meli ya kubeba watu 430, ilipinduka karibu na Mwanza, na zaidi ya watu 800 wakafa. Kwa muda ilibaki ikielea tumbo juu, ikishikiliwa na hewa iliyonaswa ndani. Waokoaji wakatoboa ubavu wake ili wawafikie waliokuwa hai. Hewa ikatoka, maji yakashika nafasi yake, meli ikaenda chini. Tarehe 20 Septemba 2018 kivuko cha MV Nyerere, chenye uwezo wa kubeba watu 101, kilipinduka kikiwa karibu kutia gati Ukara, na zaidi ya watu 220 walikufa. Siku mbili baadaye fundi mmoja wa mitambo alitolewa akiwa hai kutoka kwenye hewa iliyobaki ndani ya kivuko kile kilichopinduka. Sitaki mtoto wa darasa la tatu asimuliwe haya. Mtoto wa darasa la sita au la saba wa Mwanza au Ukerewe, ambaye huenda ana ndugu aliyepotea humo, anastahili kuelezwa kwa upole na kwa ukweli kilichotokea kwa hewa na kwa maji.

Anastahili pia kuelezwa kwamba kuelea na kutopinduka ni mambo mawili, jambo ambalo vitabu vingi vya shule hulipita. Weka kikombe kirefu cha plastiki majini kikiwa tupu: kinaelea, lakini kinalala ubavu. Tia mchanga kidogo chini: kinasimama wima. Panga mzigo uleule juu ya ukingo wake: kinapinduka hata kabla hakijajaa. Manahodha wa majahazi walijua haya ndiyo maana walitia farumi, yaani mzigo wa kukipa chombo uzito, chini ya chombo kilichokosa shehena. Abiria wakihamia upande mmoja, au wakijazana sitaha ya juu, chombo kinaweza kuwaangusha wote kikiwa bado hakijafika kikomo cha kuelea.

Nimesema mengi bila kutumia neno densiti, na nimefanya hivyo kwa makusudi. Neno ni zuri na mtoto atalihitaji, lakini lije mwisho, kama jina la jambo analolijua tayari: uzito wa kila lita. Katika shule nyingi za Tanzania mtoto husoma sayansi kwa Kiswahili hadi darasa la saba, kisha anakutana na kanuni ya Archimedes kidato cha kwanza kwa Kiingereza, pamoja na fomyula zake. Aliyewahi kuhisi chupa ikimsukuma kiganjani ana kitu cha kuzifungia fomyula hizo. Asiyewahi atazikariri, na ninaogopa kwamba walio wengi wako kundi hili la pili. Majaribio yote niliyoyataja yanahitaji beseni, chungwa, kizibo na mtu mzima wa kukaa karibu, maana mtoto mdogo hapaswi kuachwa peke yake na maji hata ya ndoo moja. Uhaba wa maabara hauwezi kuwa sababu ya kutoyafanya.

Kinachoweza kubadilisha darasa haraka ni mtihani, kwa kuwa walimu hufundisha kinachoulizwa. Badala ya "taja vitu vitatu vinavyoelea", tuulize: kizibo cha soda kimeelea, kikapondwa kwa jiwe kikazama, kwa nini? Hata mtihani wa kuchagua herufi unaweza kulibeba swali hili. Jibu moja liseme kimekuwa kizito zaidi, jingine liseme bati halielei, jingine liseme maji yamekuwa mepesi, na jingine liseme kizibo sasa kinahamisha maji yenye uzito mdogo kuliko uzito wake. Mwalimu akiona nusu ya darasa imechagua la kwanza, anajua kwamba kesho yake aje na beseni.